ZIARA YA HISTORIA INAISHIA UJIJI. NA SISI WA MABAMBA JE?



Leo nakuja na hoja ya utalii, na msiondoke mkidhani nitawaletea habari za nyumbu wa Serengeti. Naongelea zile safari za vikundi vidogo. Watu sita, wanane, kumi na wawili wanapakiwa kwenye Land Cruiser na mwongozaji mmoja, wanazungushwa "sehemu muhimu za historia ya nchi" kwa siku kadhaa, halafu wanarudi makwao wakisema Tanzania tumeijua. Swali langu ni moja tu: hiyo Tanzania waliyoijua inaishia wapi? Maana mimi niko Mabamba, wilaya ya Kibondo, ukivuka tu ng'ambo uko Burundi, na gari la namna hiyo sijawahi kuliona huku likileta watu kusikiliza historia. Magari ya mashirika ya misaada, hayo tumeyaona mpaka tumechoka.

Tuanze na namba, msije mkasema naongea kishabiki. Mwaka 2023 wageni wa kimataifa walioingia nchini walizidi milioni 1.8. Mwaka 2024 wakavuka milioni 2.1. Filamu ya Royal Tour aliyoshiriki mama Samia, iliyozinduliwa 2022, imesifiwa sana kwa hilo na mimi sina ugomvi nayo. Ugomvi wangu uko kwenye ramani. Wengi wa wageni hao wanaishia mbuga za kaskazini na Zanzibar. Wanaotaka historia wanapelekwa Mji Mkongwe, ambao uliingia orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO mwaka 2000, au Kilwa Kisiwani na Songo Mnara zilizoingia 1981, au michoro ya miambani ya Kondoa iliyoingia 2006, au Bagamoyo. Anayefika Kigoma mara nyingi kaja kwa ajili ya sokwe wa Gombe na Mahale. Gombe ndo kule alikoanza kazi Jane Goodall mwaka 1960, yule mama aliyefariki Oktoba 2025. Historia anapewa kama kachumbari pembeni: asubuhi moja Ujiji, picha mbili tatu, kisha uwanja wa ndege.

Na siyo wafanyabiashara peke yao. Mwaka 2006 serikali yetu ilipeleka UNESCO pendekezo la njia ya kati ya biashara ya watumwa na pembe za ndovu. Vituo vilivyotajwa ni sita: Bagamoyo, Mamboya, Mpwapwa, Kilimatinde, Kwihara na Ujiji. Sasa angalieni vizuri. Kutoka Kwihara, pale Tabora, unaruka moja kwa moja mpaka Ujiji. Katikati hapo hakuna hata nukta moja. Kwani ile misafara ilikuwa inapaa?

STANLEY ALIPITA KWA NANI?

Hapa ndo utamu ulipo. Ujiji unaonyeshwa kumbukumbu ya Livingstone, miembe inayosemekana ni vizazi vya ule mwembe wenyewe, na sanamu za wazungu wawili wakisalimiana. Mwaka 1871 Stanley kakutana na Livingstone, kasema lile neno lake, basi, stori imeisha.

Lakini Stanley huyo huyo kaandika kitabu akaeleza alivyofika. Kabla ya Ujiji alikatiza kusini mwa Buha, na watawala wa Waha wakamtoza hongo. Siku hizi hongo ni rushwa. Enzi zile hongo ilikuwa ushuru wa kupita kwenye nchi ya watu, kama unavyolipa ushuru leo kwenye kizuizi cha halmashauri. Alilipa kwa vitambaa, akasogea, akatozwa tena, akaanza kuona mzigo unaisha. Mwisho wakampata mtu wa kuwaongoza njia kwa malipo, wakaondoka usiku, wakapita porini kimyakimya ili wasitozwe tena.

Soma tena hapo, mdau. Ule mkutano maarufu kuliko yote katika historia ya Kigoma ulifanikiwa kwa sababu ya mwongozaji wa kulipwa aliyezijua njia za Buha. Na habari ile ile inatuambia kwamba Waha walikuwa na watawala, mipaka na kodi yao. Kwenye maelezo mengi wanayopewa watalii kipande hiki hakimo. Wanaanzia chini ya mwembe.

HUKU JUU KUNA NINI?

Najua kuna mtu keshaanza kuandika "huko kwenu kuna mihogo tu na migomba". Haya, hesabu na mimi.

1. HERU. Kasulu ndo kulikuwa na himaya ya Heru. Mwaka 1946 ilisimikwa mwami mwanamke, Theresa Ntare. Mwanamke mtawala, miaka kumi na tano kabla ya uhuru! Leo tunashangilia mwanamke wa kwanza hiki na wa kwanza kile, wakati Kasulu mabibi zetu walishamwona. Himaya nyingine ziliitwa Muhambwe na Buyungu. Mkiyasikia hayo majina mnadhani ni majimbo ya uchaguzi tu. Kumbe zilikuwa nchi.

2. MANAMBA. Mashamba ya mkonge ya Tanga na Morogoro yalihitaji mikono, na Buha ilikuwa moja ya sehemu zilizotoa mikono hiyo kwa wingi. Mwaka 1944 wenye mashamba wakaunda ofisi yao ya kuajiri, SILABU, wakawa wanakusanya wanaume wa huku. Wengine hawakurudi. Mkiona Waha wengi Tanga msijiulize walifikaje.

3. MALALE NA VIJIJI. Miaka ya 1930 serikali ya Mwingereza iliwahamisha watu huku, Kibondo ikiwemo, ikawakusanya sehemu moja kuwaepusha na mbung'o na ugonjwa wa malale. Mwaka 1972 serikali yetu wenyewe ikaja na Operesheni Kigoma, watu wakahamishwa tena kuingia vijiji vya ujamaa. Mzee wa huku anaweza kukuonyesha kwa kidole mahame ya baba yake. Hiyo ni makumbusho bila paa.

4. MPAKA. Wakati wa Mjerumani, Mabamba na ng'ambo ilikuwa koloni moja. Mwaka 1916 Wabelgiji walitoka Kongo wakaiteka Kigoma, wakaishikilia mpaka 1921. Waingereza na Wabelgiji wakakubaliana mwaka 1919 nani achukue wapi: Ruanda-Urundi kwa Mbelgiji, huku kwa Mwingereza. Kwa hiyo mpaka ndo umewakuta watu. Watu walikuwepo.

5. WAKIMBIZI. Oktoba 1993 Rais Ndadaye wa Burundi aliuawa, na watu wakamiminika Ngara, Kibondo na Kasulu kwa maelfu. Mwaka 2015 wakaja tena. Ile meli ya MV Liemba, iliyojengwa Ujerumani 1913, ikaletwa vipande vipande na kuzamishwa na Wajerumani wenyewe 1916, kisha ikaopolewa na kurudi kazini 1927, ndiyo iliyotumika Mei 2015 kuwatoa wakimbizi Kagunga kuwaleta Kigoma mjini. Watalii wanaambiwa habari ya vita ya kwanza ya dunia. Ya 2015 je? Nayo ni historia.

KWA NINI NALIVALIA NJUGA

Mtasema dogo kamaliza kidato cha nne hana kazi, anatafuta ajira ya kutembeza wazungu. Sawa, ajira naitaka, sifichi. Lakini kuna kubwa zaidi.

Julai 2025 serikali ilitoa amri ya kuwazuia wasio raia kufanya biashara za aina 15. Kuongoza watalii ni mojawapo. Vijana wengi wakashangilia, na mimi nikafurahi. Kwenye karatasi kazi hiyo sasa ni yetu. Ila kwa mtu wa Mabamba swali linabaki: nani atakubali kwamba mimi ni raia?

Msicheke. Kijana wa Moshi akienda kufuatilia kitambulisho anaulizwa jina na kijiji. Kijana wa mpakani anaulizwa babu yako alizaliwa wapi, bibi yako anaongea lugha gani, mbona Kiha chako kama Kirundi. Ni Kiha chetu hicho, ni ndugu wa Kirundi tangu kabla Mjerumani hajafika! Mimi mwenyewe nikiwa stendi moja ya mabasi mbali na hapa, nimesema natoka Kibondo, jamaa akaniambia "ahaa, mkimbizi". Kwa utani, eti. Utani huo ukiingia ofisini unageuka miezi ya kungoja karatasi. Na bila kitambulisho hakuna leseni, na bila leseni hiyo amri ya 2025 kwako ni pambo.

Hapo ndo ninapounganisha. Nchi inayojisimulia kwa kuruka kutoka Tabora mpaka Ujiji inawafundisha watu wake kwamba katikati hapakuwa na mtu. Afisa alisoma hiyo hiyo. Jamaa wa stendi alisoma hiyo hiyo. Kama shuleni na kwenye ziara wangesikia habari za Heru na Muhambwe, za manamba waliovuna mkonge uliolisha nchi, za mpaka wa 1919, mtu wa Kibondo asingekuwa mgeni kwao. Historia ya kutembezwa inaonekana starehe, lakini inaamua nani ni mwenyeji.

WANAOPINGA

Kuna hoja mbili nzito, lazima nizijibu.

Ya kwanza: huku hakuna majengo, mtalii ataona nini? Ni kweli, hatuna ngome ya mawe kama Kilwa. Lakini hata Ujiji hakuna kingine cha maana cha kuona bila maneno. Ule ni mti na mnara mdogo. Kinachouza ni stori na anayeisimulia. Barabara nayo imeacha kuwa kisingizio. Njia ya kutoka Kabingo mpaka Manyovu kupitia Kibondo na Kasulu, zaidi ya kilomita 260, iliingia kwenye mradi wa lami, na lile vumbi tulilolijua limepungua sana.

Ya pili ni ngumu zaidi: mtageuza shida za wakimbizi kuwa maonyesho. Hapa nakubaliana kabisa na mwenye hoja. Kambini haingii mtu bila kibali cha Wizara ya Mambo ya Ndani, na ikae hivyo. Watu waliokimbia risasi siyo wanyama wa mbugani. Tunachoweza kusimulia ni upande wetu: wenyeji waliopokea, mashamba yaliyogawanywa, kuni zilizokwisha, soko lililokua, ugomvi uliotokea na ndoa zilizofungwa. Hiyo ni stori yetu na tuna haki nayo.

TUFANYE NINI

Mimi sisubiri mzungu. Naanza na Mtanzania. Fikirieni kikundi cha watu wanane, wanafunzi au walimu au watumishi waliohamishiwa Kibondo na hawajui walipo. Siku mbili: Kasulu na Heru siku ya kwanza, Kibondo na Mabamba ya pili. Tuseme kila mmoja anatoa Sh 70,000, jumla 560,000. Gari na mafuta ikila 250,000, malazi na chakula 200,000, zinabaki 110,000. Hapo mzee msimulizi apewe chake, SIYO SODA, apewe hela, na kinachobaki ni cha mwongozaji. Ni hesabu ya mfano, bei mtapatana wenyewe. Lakini ona hela inavyobaki humu humu wilayani kwa mwenye gari, mama ntilie, mzee na kijana.

Kabla ya hilo gari kuwaka kuna kazi ya bure kabisa. Chukua simu, nenda kwa wazee, rekodi. Waliohamishwa 1972 wakiwa vijana wa miaka ishirini sasa wamepita sabini. Waliomwona Mwami Theresa akitawala ni wazee zaidi. Kila msiba unaotangazwa kijijini ni makumbusho inayofungwa. Halmashauri za Kibondo na Kasulu nazo zina maafisa utamaduni. Waorodheshe maeneo, waweke hata kibao cha mbao. Na wizara ikilifanyia kazi tena lile pendekezo la 2006, itie nukta kati ya Tabora na Ujiji. Stanley mwenyewe kashatoa ushahidi kwamba alilipa ushuru hapo.

Wadau wa Kasulu, Kakonko, Buhigwe, Uvinza na ndugu zangu wa Gisuru ng'ambo, leteni maoni hapo chini. Kwenu kuna sehemu gani ambayo ungempeleka mgeni wa kwanza, na nani angeisimulia? Na wewe wa Dar uliyeandika "mihogo tu", karibu Mabamba. Mihogo tutakupa, na ushuru wa kupita utalipa.

Nawasilisha.