Bingwa wa kinga na imbu



Katika nyumba yetu ya kulala tunabishana mingi juu ya mashindano ya kinga. Wengine wanasema Eddy Merckx tu, hakuna mwingine. Mimi ninasema Fausto Coppi wa Italia, na sikilizeni sababu.

Alizaliwa mwaka 1919 katika kijiji cha Castellania, mtoto wa walimaji. Alipokuwa kijana alipeleka nyama ya buchari kwa kinga katika mji wa Novi Ligure. Ninyi munaosukuma kinga ya makala toka porini munajua kazi ile! Akiwa na miaka 20 tu alishinda Giro ya 1940. Mwaka 1942, vita iko inawaka, alikimbia saa moja katika uwanja wa Vigorelli kule Milano, akatimiza kilometa 45 na metre 798, na hakuna mutu aliyepita ile mpaka 1956. Halafu akatumwa askari, Waingereza wakamukamata Tunisia mwaka 1943. Aliporudi alianza tena. Giro mara tano kwa jumla, Tour de France 1949 na 1952, bingwa wa dunia uwanjani 1947 na 1949, na barabarani 1953. Siku moja ya Giro ya 1949, toka Cuneo mpaka Pinerolo, alikimbia peke yake kilometa 192, akapanda milima mitano, akamuacha Bartali nyuma karibu dakika 12. Mutu wa mapafu kama yale!

Sasa mambo yenyewe. Desemba 1959 Coppi alienda Haute-Volta, ndiyo Burkina Faso ya leo, kwa mashindano na kuwinda nyama. Alilala chumba kimoja na Mufaransa Raphaël Geminiani, na imbu walikuwa mingi. Walipofika kwao, wote wawili wakashikwa na homa kali. Waganga wa Ufaransa walipima damu ya Geminiani, wakaona malaria, wakamupa kinini, akapona. Waganga wa Italia walisema ni homa ya baridi na ugonjwa wa mapafu. Geminiani alieleza nyuma kwamba jamaa yake walipiga simu Italia kusema angalieni malaria, lakini hawakusikilizwa. Coppi akafa tarehe 2 Januari 1960. Alikuwa na miaka 40.

Kila mama wa kijiji chetu angalijua ile homa! Wale waganga hawakukosa akili, wala dawa haikukosa. Walikosa kusikiliza tu.

Na hapa kwetu je? Juzi mwenzetu moja aliona kichwa inamuuma, mwili inatetemeka. Aliposema, aliambiwa: wewe unakimbia enterogasioni. Akanyamaza siku tatu. Siku ya ine tulimubeba kwa mikono.

Najua, wako wengine wanaodanganya, hata mimi nilidanganya mara moja, kipindi cha aljebra. Lakini mimi naona afazali waongo kumi walale kitandani asubui moja kuliko mugonjwa moja asukumwe darasani. Basi tunaomba wakubwa wetu: mutoto akisema homa, apimwe damu kwanza. Enterogasioni ataifanya siku ingine.

Huyu mwenzetu amerudi juma hili. Bado hawezi kupanda kinga.