Mpima macho aliyerudi na picha mkononi

KWA MTAZAMO WANGU
Na Saumu Kidawa

Mtaa wa maskini ukifurika, kamera hufika mapema. Maji yakikauka, wenye kamera huwaoni tena, na aliyepigwa picha akiwa juu ya paa la nyumba yake hajui hata ilitoka gazeti gani.

Milton Rogovin alikuwa na mwenendo tofauti. Alikuwa mpima macho katika mji wa Buffalo, jimbo la New York, na wateja wake wengi walikuwa wafanyakazi wa viwandani. Mwaka 1957 aliitwa mbele ya kamati ya Bunge la Marekani iliyokuwa ikiwasaka wakomunisti, akakataa kujibu maswali. Gazeti la mjini likamtangaza kuwa kinara wa wakomunisti wa Buffalo. Wateja wakapungua, biashara ikadorora. Mwaka uliofuata akashika kamera kwa dhati, akianza na makanisa ya Wamarekani Weusi yaliyofunguliwa kwenye fremu za maduka. Mwanazuoni Mweusi W.E.B. Du Bois ndiye aliyeziandikia picha hizo utangulizi.

Kazi yake kubwa ilianza 1972, katika mtaa wa Lower West Side, karibu na ofisi yake. Mwanzoni watu walimshuku, na nani asingemshuku? Akawa anawapelekea nakala za picha zao, bure. Hakuwapanga: mtu alisimama apendavyo, na ampendaye. Kamera yake ilikuwa Rolleiflex, ile ambayo mpigaji huichungulia kwa juu, kichwa ameinamisha. Napenda kuamini kwamba hilo nalo lilisaidia. Si kawaida mwenye kamera kumwinamia mtu wa mtaa ule.

Kisha akarudi. Miaka ya 1980 akarudi, ya 1990 akarudi, na mwaka 2000 akarudi tena akiwa na miaka 90. Yeye na mkewe Anne walipita mtaani na picha za zamani mkononi, wakiuliza: huyu yuko wapi siku hizi? Ndipo unapomwona msichana akiwa mama, kisha bibi, na katika picha nyingine pengo mahali alipokuwa amesimama mume.

Mimi zaidi hunivutia picha za wafanyakazi wa viwanda vya chuma, alizozianza miaka ya 1970. Alimpiga mtu kazini, kisha akamfuata nyumbani. Kazini ni helmeti na masizi. Nyumbani ni sofa, watoto, picha za harusi ukutani. Walikuwemo wanawake pia. Sisi huku mama ntilie tunamjua kwa moshi wa jiko lake tu. Sebuleni kwake hatujaingia, ndiyo maana tukimwandika anakuwa mtu wa kuhurumiwa, asiye na chaguo wala vituko.

Lawama moja ninayo kwake: mara nyingi hakuandika majina. Ilibidi wengine waje baadaye na vinasa sauti ndipo baadhi ya watu wale wapate kujieleza.

Mwaka 1999 Maktaba ya Bunge la Marekani ilichukua kazi zake, Bunge lile lile lililomhoji. Alifariki Januari 2011, akiwa na miaka 101. Wahariri wetu wenye makabati ya picha za wachuuzi, makuli na wavuvi waanze na jambo rahisi: wamtume kijana mmoja na bahasha, akawatafute wenyewe, na asisahau kalamu ya kuandikia majina.