Georgette ni "Jina la Kishamba"? Ndiyo, na Hakuna Aibu Hapo!

Kuna mrembo mmoja anayetamba sana huko Insta, mzaliwa wa Ilagala, kule mto Malagarasi unakoingia Ziwa Tanganyika. Nyumbani anaitwa Georgette, jina alilorithi kwa bibi yake mzaa mama. Mjini kalifuta, kajipachika lingine la kisasa. Juzi alipoulizwa laivu kwa nini, akacheka: "Aah, lile jina la kishamba bwana! Halafu watu wananiita Mrundi."

Mashabiki wakajaza vicheko. Haya, hebu kaeni kitako.

Kwanza, hilo la kishamba. Mrembo kasema kweli bila kujua! Georgette ni jina la kike la Kifaransa litokanalo na Georges, nalo asili yake ni Kigiriki: georgos, yaani mkulima. Mtu anayeifanyia kazi ardhi. Sasa mtoto aliyekuzwa kwa hela ya mawese na mihogo anaona mkulima ni tusi? Bibi aliyeinama shambani na kuchemsha chikichi miaka yote hiyo alikuwa na jina lake halisi. Wengi mjini wana majina makubwa yasiyofanana nao hata kidogo.

Tena hilo la "kishamba" lilivuma Ufaransa mwanzoni mwa karne ya 20. Kile kitambaa chepesi cha georgette, ambacho mafundi wanashonea magauni ya sendofu mpaka leo, kilipewa jina la mshonaji wa Paris, Georgette de la Plante. Yaani mtu anavaa jina la bibi yake ukumbini halafu analikana kwenye simu!

Pili, hilo la Urundi. Hapa lawama si ya mrembo peke yake, ni ya wale wanaocheka. Mtu wa Kigoma akitaja jina lenye lafudhi ya Kifaransa tu, anatazamwa kama kavuka mpaka jana usiku. Someni historia kidogo. Wamisionari wa shirika la Kardinali Lavigerie, Mfaransa, walifika Ujiji mwaka 1879. Wabelgiji nao waliishika Kigoma kuanzia 1916 mpaka 1921. Ng'ambo ya ziwa ni Kongo, na watu wa pande zote wamevuka, wakauziana na kuoana tangu zamani. Majina nayo yakapanda mitumbwi.

Na kama jina la kigeni ndiyo tatizo, mbona Joji hasumbuliwi? Joji na Georgette ni jina moja, kaka na dada. Mmoja kaja kwa njia ya Kiingereza, mwingine kwa Kifaransa. Akina Joji wamejaa kila mtaa Bongo na hakuna anayewauliza kitambulisho. Dada yao akitokea Ilagala, ghafla kila mtu afisa uhamiaji!

Jina la kazi si kosa, mastaa kibao wanayo. Kosa ni kulidhalilisha mbele ya maelfu jina ambalo bibi bado analiitikia kijijini, akiitwa na majirani waliomjua kabla Insta haijazaliwa. Mrembo arudi laivu, alitaje kwa sauti, aseme ni la bibi yake. Atapoteza nini?

Wadau mliorithi majina ya bibi zenu: mnayatumia, au mmeyaficha kabatini? Dondosheni hapo chini.