Gemu ikiganda dakika ya 89, nani kashinda?

Kuna mechi moja haina mwamuzi, haina kamishna wala VAR, lakini inazua ugomvi kuliko penalti ya dabi. Ni mechi ya gemu kwenye kompyuta. Wawili wamekaa kwenye benchi, pedi mkononi, watazamaji kumi nyuma yao, matokeo ni 2-1. Dakika ya 89 aliye nyuma anaingia kwenye boksi, anavuta mguu apige, kioo kinaganda. Kipa kabaki hewani kajinyoosha, sauti ya mashabiki inarudia mlio mmoja kama redio iliyokwama. Hapo ndipo mechi yenyewe inaanza.

Aliyekuwa anaongoza anasema imeisha, nipe changu. Mwenzake anasema lile lilikuwa goli la wazi. Mwenye kompyuta anasema mlipie nyingine. Katikati ya kelele hizo atajitokeza bingwa wa kupiga makofi ubavuni mwa mashine, na mwingine atang'oa waya ukutani.

Niseme msimamo wangu mapema. Kompyuta kuganda si uchawi na si mkosi wa mtu aliyeingia na mguu mbaya. Kuna sababu, na nyingi zinajulikana. Anayezijua, na aliyekubaliana na mwenzake kabla ya filimbi ya kwanza, hapotezi hela, hapotezi mashine, hapotezi rafiki. Tunaopoteza vyote vitatu ni sisi tunaosubiri igande ndipo tuanze kutunga sheria.

Kuna atakayeuliza haya yanafanya nini kwenye kurasa za michezo. Ndugu yangu, nenda kibanda umiza chochote siku ambayo hakuna mechi kwenye luninga. Utawakuta vijana wanabishana 4-3-3 na 3-5-2, nani akabe kwa juu, nani abaki nyuma. Wengi wamejifunza mpira huo kwenye FIFA na PES. Majina yenyewe yamebadilika, PES ikawa eFootball mwaka 2021 na FIFA ikawa EA Sports FC mwaka 2023, lakini mtaani bado tunaita vile vile. Huu ni mpira wetu wa siku za kazi.

Sasa chukulia kijana wa Mabwerebwere, kule wilayani Kilosa. Kanunua kompyuta ya mezani iliyotumika, kaiweka chumba cha mbele, jero kwa mechi. Mtaji wake wote umekaa juu ya meza ile. Mwenzake wa Kariakoo mashine ikigoma anavuka barabara kwa fundi. Huyu wa Mabwerebwere anaibeba mpaka Kilosa mjini, pengine Morogoro, nauli ya kwenda na kurudi, na siku zote hizo kijiwe kimefungwa. Kwake yeye kujua kwa nini gemu inaganda ni sawa na kocha kujua kwa nini timu inafungwa kila kona.

Tuanze na sekunde zile za kwanza. Usipige, using'oe waya. Subiri nusu dakika, maana mara nyingine mashine inavuta faili zito na itarudi yenyewe. Isiporudi, bonyeza Caps Lock kwenye kibodi uangalie kitaa chake. Kikiwaka na kuzima, kompyuta iko hai, iliyokufa ni gemu peke yake. Kisipobadilika, mara nyingi ni mashine yote iliyoganda.

Kama ni gemu tu, bonyeza Alt na Tab utoke nje. Ikikataa, bonyeza Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja, itafunguka Task Manager. Chagua jina la gemu, ibonyezee amri ya kuimaliza. Kama kioo ndicho kimekufa lakini sauti inaendelea, jaribu kitufe cha Windows pamoja na Ctrl, Shift na B. Kioo kitapepesa mara moja na mara nyingine picha inarudi, mechi inaendelea. Vyote vikishindikana ndipo unakandamiza kitufe cha kuwashia kwa sekunde 5 hadi 10 mpaka izime. Kung'oa waya ni kadi nyekundu, kwa sababu diski ikikatwa umeme inapoandika, unaweza kupoteza ligi uliyoihifadhi, na hata Windows yenyewe isiwake tena.

Baada ya hapo ndipo uchambuzi unakuja, na swali la kwanza ni moja: inaganda lini? Timu ikifungwa magoli matatu ya kona, huwezi kumfukuza straika. Hivyo hivyo kwenye kompyuta, muda wa kuganda unakuonyesha beki gani kalala.

Ikiganda kila mara baada ya nusu saa au zaidi, na feni inanguruma kama bodaboda inayopanda mlima, hilo ni joto. Kilosa jua si la kubembeleza, na vumbi la kiangazi linaingia mpaka ndani ya sahani. Zima mashine, chomoa umeme, fungua ubavu, pangusa vumbi kwa brashi laini huku umeishika feni isizunguke. Kama mashine ni ya miaka mingi, ile dawa inayopakwa kati ya prosesa na kipoozeo chake imekauka, inatakiwa ipakwe nyingine. Na wewe wa laptopu, acha kuiweka juu ya godoro. Matundu yake ya hewa yako chini, unaiziba pua halafu unashangaa inazimia.

Ikiganda sehemu ile ile kila siku, labda ukichagua timu fulani au uwanja fulani, joto halihusiki. Hapo faili limeharibika. Wengi tunapakia mafaili ya kuongeza jezi za Simba na Yanga, nyimbo za uwanjani na sura za wachezaji wapya, kutoka kwenye flashi iliyopita mikono ishirini. Faili moja likiwa bovu, gemu inakwama pale pale. Ondoa ulichoongeza mwisho, jaribu tena. Flashi hiyo hiyo ndiyo pia inayobeba virusi, kwa hiyo ipitishe kwenye programu ya kukagua kabla hujaiamini.

Ikiganda ovyo, leo dakika ya tano kesho dakika ya themanini, na kila kitu kinasimama mpaka mshale wa kipanya, shuku RAM au umeme. RAM inaweza kuchomolewa, ikasafishwa meno yake kwa kifutio cha penseli, ikarudishwa mpaka ikalie vizuri. Windows pia ina kipimo chake cha bure: andika mdsched kwenye sehemu ya kutafutia, itajizima na kuikagua RAM yenyewe. Kwa upande wa umeme unaopanda na kushuka, stebilaiza au UPS si anasa. Ni kipa.

Na ikiganda huku kitaa cha diski kimeng'ang'ania kuwaka, au ukasikia diski inagonga ti-ti-ti, usicheze tena. Nakili kwanza vitu vyako kwenye flashi, hasa folda ya gemu iliyomo ndani ya Documents, maana mara nyingi humo ndimo misimu yako inapohifadhiwa. Diski ikishaanza kugonga haikupi taarifa ya pili.

Lakini kuna ugonjwa mmoja unaozidi yote, nao ni tamaa. EA Sports FC 24 inadai angalau RAM ya GB 8 na nafasi ya GB 100 kwenye diski, pamoja na kadi ya grafiki ya kueleweka. Mtu ana kompyuta ya ofisini iliyostaafu, RAM GB 4, kadi ya grafiki hakuna, anailazimisha ibebe mzigo huo. Huo ni utani wa kumpeleka mtoto wa Umitashumta akamkabe beki wa kimataifa. Cheza PES 2013 bila kukwama kuliko FC 24 inayohema. Na kama lazima ucheze gemu nzito, ingia kwenye mipangilio: punguza ukubwa wa picha, zima vivuli, punguza mashabiki wa jukwaani, funga kasi ya picha kwenye 30 kwa sekunde. Halafu funga kila kinachofanya kazi nyuma ya pazia. Kivinjari chenye kurasa kumi na tano kinakula RAM hata kama hukioni.

Hayo ni ya mashine. Yamebaki ya binadamu, nayo ndiyo yananiuma zaidi. Hela inayobishaniwa inaweza kuwa buku tu, lakini nani asiyejua urafiki uliovunjika kwa buku?

Hoja ya wengi mtaani ni kwamba gemu ikiganda, aliyekuwa anaongoza ndiye mshindi. Naipinga. Ukiweka sheria hiyo, anayeongoza 1-0 huku anashambuliwa atatamani mashine igande, na mguu wake uko sentimita chache kutoka kwenye waya. Wengine wanasema mechi ifutwe, mwanzo mpya 0-0. Naipinga pia, kwa sababu hiyo hiyo upande wa pili: aliyefungwa 3-0 ndiye atakayeukanyaga waya. Sheria nzuri ni ile isiyompa yeyote faida mashine ikiganda.

Mpira wenyewe umeshaliona hili. Sheria ya 7 inasema mechi iliyovunjika hurudiwa, isipokuwa kanuni za mashindano au waandaaji wameamua vinginevyo. Maneno ya mwisho ndiyo ya kushika: kama hukuandika kanuni yako, umekubali kurudia. Na Aprili 30, 2023, Yanga wakicheza na Rivers United ya Nigeria robo fainali ya Kombe la Shirikisho Afrika, taa za Uwanja wa Mkapa zilizimika mechi ikiendelea. Hakuna aliyepewa ushindi gizani. Watu walisubiri, taa zikarudi, mpira ukaendelea pale ulipoishia, ukaisha 0-0 na Yanga wakasonga kwa mabao yao mawili ya ugenini.

Kinyume chake tunakikumbuka pia. Mei 8, 2021 dabi ya Simba na Yanga ilisogezwa kutoka saa 11 jioni kwenda saa 1 usiku siku hiyo hiyo, Yanga wakasimamia kanuni ya kubadilisha muda, watu wakarudi nyumbani bila mpira. Mechi ikachezwa Julai 3. Kama wakubwa wanaumbuka namna hiyo kwa jambo ambalo lilikuwa na kanuni, nyie wa chumba cha mbele mtapona vipi bila hata karatasi ukutani?

Basi bandikeni karatasi. Kwanza, matokeo yaandikwe kwa kalamu kila goli linapoingia, na mtu asiyecheza. Pili, gemu ikiganda, anzisheni mechi mpya na mcheze dakika zilizobaki tu kwa saa ya kwenye kioo, kisha mjumlishe. Iliganda dakika ya 60? Chezeni mpaka saa isome 30, acheni pedi. Aliyekuwa na mpira ndiye aanze. Tatu, aliyegusa waya au kitufe cha kuzimia kwa makusudi amefungwa mezani, magoli matatu kama ligini. Nne, mwenye mashine asitoze hela ya pili kwa mechi ambayo mashine yake imeshindwa kuimaliza. Akibanwa na hilo, atasafisha hilo feni mwenyewe bila kuambiwa.

Na la tano ni kwa wenye vijiwe peke yao. Michezo ya kubahatisha nchini kwetu ni ya waliotimiza miaka 18. Mtoto wa shule ya msingi akilipia jero yake kucheza, sawa, ni burudani. Wakianza kuwekeana hela mbele yako, wewe si mwenye gemu tena, na siku mashine ikiganda mzazi hatakuja kuuliza habari ya RAM.

Nani kashinda dakika ya 89, basi? Bado hakuna. Imebaki dakika moja, ongezeni tatu za majeruhi mlizokubaliana tangu mwanzo, mpira apewe yule aliyekuwa kwenye boksi. Kama kweli lile lilikuwa goli, dakika nne zinamtosha kulifunga tena.