Mzigo Upimwe Kabla ya Kuinuliwa

Tarehe 14 Julai, 1999, mjini Milwaukee, Marekani, winchi kubwa ilianguka ikiinua kipande cha paa la uwanja wa michezo, chenye uzito wa zaidi ya tani 400. Mafundi watatu walikufa. Nguvu ya upepo juu ya paa lile haikuhesabiwa.

Minyororo nayo hudanganya. Miwili inayobeba mzigo mmoja, ikilala kwa pembe ya nyuzi 30 tu kutoka usawa, kila mmoja huvutwa kwa uzito wa mzigo wote, si nusu yake. Hesabu hiyo yafundishwa sekondari. Mbona basi mfunga mizigo aachiwe kuikisia?

Maofisa wanaosimamia majengo ya Serikali hawana budi kudai mpango wa kuinua kwa maandishi, na mtoa ishara apewe mamlaka ya kusimamisha kazi, hata mkandarasi akiwa na haraka.