Kuondoa Kesi si Kuuza Shamba

Ikisikika Ganda kwamba mzee fulani ameondoa ombi lake katika mahakama ya Malindi, jua halitui kabla watu hawajamhukumu mnazini: amekula pesa, ameuza kesi. Maneno haya yamewatia watu hofu hadi wakang'ang'ania kesi zilizokuwa zinawaangamiza. Nayapinga.

Najua yalikotoka. Ganda tuliijua mahakama kupitia siasa. Uchaguzi wa wadi wa 2017 ulipingwa, ukabatilishwa, tukarudi debeni Oktoba 2019. Kesi ya uchaguzi huwasilishwa ndani ya siku 28 baada ya matokeo kutangazwa. Ukiiondoa baadaye, huna pa kurudi. Ndiyo maana mlalamishi sharti aombe ruhusa, na mwingine anaweza kuomba kushika nafasi yake.

Shamba ni jambo jingine. Familia imezika wazee wake chini ya minazi, mara anatokea mtu na hati. Wanapelekewa mahakamani ombi la kikatiba, kwamba haki zao zimevunjwa. Zimevunjwa, sibishi. Lakini ombi la namna hiyo kwa kawaida husikizwa kwa viapo vya maandishi, ilhali mgogoro huu unamtaka jirani asimame kizimbani aseme miembe ile ilipandwa na nani, na mpima ardhi aje na ramani yake. Tena sheria ya Kenya inampa aliyekalia ardhi ya mtu binafsi waziwazi, bila idhini, kwa miaka 12, nafasi ya kuomba Mahakama ya Mazingira na Ardhi imtangaze kuwa mmiliki. Dai hilo lina utaratibu wake.

Sasa, nani anayeuza shamba? Anayesubiri hadi jaji aamue kiini cha mgogoro huku ushahidi wake haujasikika, akishindwa, Kifungu cha 7 cha Sheria ya Mashauri ya Madai kinamzuia kulirudisha jambo lilelile. Aliyejiondoa mapema hajazuiwa hivyo. Kanuni za 2013 za kesi za haki za kimsingi zinaruhusu ombi liondolewe, ingawa jaji anaweza kukataa akiona haki inataka kesi iendelee.

Hatari zipo, na hizi ndizo za kuulizia. Gharama za upande wa pili atalipa nani? Katika mashauri ya madai, mahakama inaweza kusimamisha kesi mpya hadi za kesi ya kwanza zilipwe. Na miaka ya ukomo wa kushtaki haisimami kumngoja mtu ajipange. Wakili asiyeyaeleza haya kwa lugha ambayo mteja anaielewa, Kigiriama ikibidi, ndiye wa kulaumiwa.

Basi ukikutana na mzee huyo njiani, mwombe akuonyeshe amri ya mahakama. Angalia kama inasema kiini cha mgogoro hakijaamuliwa, kisha muulize kesi mpya inasajiliwa lini.