HABARI ZA MAKANISA YA MBALI: Wamethodisti wa Marekani na Neema Iliyo ya Wote

 Mwezi huu twataka kusimulia habari za Wamethodisti wa Marekani: jinsi walivyoanza, mambo wanayoyaamini, na sababu ya kugawanyika kwao hata wakawa makanisa mengi yenye majina yanayokaribiana. Wamethodisti wa pwani ya Kenya, ambao kazi yao ilianza Ribe mwaka 1862, waliletewa Injili na Waingereza, wala si Wamarekani; lakini shina lao ni moja, na katika habari za ndugu hao wa mbali yamo mafundisho yatufaayo sote.

Mwanzo wa mambo haya ni John Wesley, kasisi wa Kanisa la Uingereza, aliyezaliwa mwaka 1703. Alipokuwa katika chuo cha Oxford, yeye na Charles ndugu yake na rafiki wachache walishika saa za kuomba, za kusoma Maandiko na za kuwatembelea wafungwa. Wenzao wakawacheka wakawaita Wamethodisti, yaani watu wa utaratibu, na jina lile la dhihaka likawakaa. Mwaka 1735 Wesley alivuka bahari kwenda Georgia, koloni la Waingereza katika Amerika, lakini kazi yake huko haikufanikiwa, naye akarudi kwao mwenye huzuni. Hata jioni ya tarehe 24 Mei 1738, katika mkutano mdogo mjini London, alisikia yakisomwa maneno ya Luther juu ya Waraka kwa Warumi, akahisi moyo wake umepata joto la ajabu, akajua ya kuwa dhambi zake yeye mwenyewe zimeondolewa.

Katika hayo yalitoka mafundisho yake. Alifundisha ya kuwa neema ya Mungu humtangulia kila mtu, humwamsha kabla hajamtafuta Mungu. Tena ya kuwa Kristo alikufa kwa ajili ya watu wote, wala si kwa wachache waliochaguliwa. Mwenye kuamini huhesabiwa haki kwa imani tu, na Roho humshuhudia moyoni kwamba amekuwa mwana. Lakini safari haiishii hapo: mwamini hana budi kuendelea katika utakaso mpaka upendo utawale moyo wake wote. Kwa hiyo aliwawekea watu wake kanuni tatu: wasitende mabaya, watende mema kadiri wawezavyo, na wazishike ibada alizoziagiza Mungu. Akawagawa katika vikundi vya watu kama 12, kila kikundi na kiongozi wake, wakutane kila juma na kuulizana hali ya roho zao.

Sasa tuvuke bahari. Mwaka 1766, mjini New York, alikuwako mwanamke aitwaye Barbara Heck, aliyetoka Ireland. Husimuliwa kwamba aliwakuta jamaa zake wakicheza karata, akazikusanya akazitupa motoni, kisha akaenda kwa Philip Embury, ambaye zamani alikuwa mhubiri, akamsihi asinyamaze tena. Embury akahubiri nyumbani mwake. Watu waliomsikiliza siku ile walikuwa wachache mno, na mmoja wao alikuwa mtumishi mweusi, jina lake Betty. Tazameni basi, wasomaji: mtu mweusi hakuja baadaye kama mgeni katika kanisa hilo, alikuwamo tangu mkutano wa kwanza.

Mwaka 1771 Wesley alimtuma kijana wa miaka 26, Francis Asbury. Asbury hakuoa, hakujenga nyumba, wala hakurudi tena Uingereza. Kwa miaka 45 alipanda farasi wake, akapita misitu, mito na milima, na wengi hukadiria kwamba alisafiri zaidi ya maili 250,000. Wahubiri waliokuwa chini yake walifanya vivyo hivyo. Kila mmoja alipewa mzunguko wake, na vitabu vyake vilikuwa katika mfuko wa tandiko. Alihubiri katika vibanda vya magogo na chini ya miti, na wengi walikufa vijana kwa homa na baridi. Ndiyo maana kanisa lilikua upesi. Mwaka 1784 washiriki walikuwa karibu 15,000; mwaka 1816, Asbury alipofariki, walikuwa wamezidi 200,000.

Marekani ilipokwisha kujitenga na mfalme wa Uingereza, makasisi wengi walikuwa wameondoka, na watu walikosa wa kuwabatizia watoto na kuwapa Meza ya Bwana. Basi Wesley akamtuma Thomas Coke awape Wamarekani kanisa lao. Wahubiri wakakutana Baltimore wakati wa Noeli mwaka 1784. Asbury hakukubali kuwekwa juu yao kwa neno la Wesley peke yake. Alitaka kwanza wahubiri wenzake wapige kura. Wakamchagua, naye kwa siku tatu zilizofuatana akawekwa kuwa shemasi, kasisi na msimamizi. Hivyo likazaliwa Kanisa la Kimethodisti la Kiaskofu.

Katika mkutano ule ule wahubiri waliandika kanuni nyingine, na hiyo ndiyo tunayotaka mwitazame sana. Wesley aliuchukia utumwa. Wahubiri wakaamuru kwamba kila mshiriki mwenye watumwa aandike hati ya kuwapa uhuru kabla ya miezi 12 kwisha, la sivyo atoke katika kanisa. Tena mwenye kumiliki watumwa asipokewe Mezani pa Bwana. Hakika kanuni hiyo ilipatana na mafundisho yao, maana ikiwa neema ni ya wote, mtu awezaje kumwuza yule ambaye Kristo amemnunua?

Lakini kanuni ile haikukaa hata mwaka mmoja. Wenye mashamba walikasirika, na Coke alipohubiri Virginia juu ya jambo hilo makundi ya watu yalimtishia. Mwezi Juni mwaka 1785 wahubiri wakaisimamisha kanuni. Waliogopa kwamba mabwana watawafungia milango, nao hawatawafikia wala mabwana wala watumwa. Hata mwaka 1808 waliagiza Kitabu cha Taratibu kipigwe chapa nakala 1,000 kwa ajili ya South Carolina, na sura ya utumwa isiwemo ndani yake.

Tumsikilize sasa mtu aliyeonja matunda ya jambo hilo. Richard Allen alizaliwa mtumwa mwaka 1760. Aliokoka kwa mahubiri ya Wamethodisti, na bwana wake naye, alipomsikia mhubiri Freeborn Garrettson, ambaye alikuwa amewaacha huru watumwa wake mwenyewe, alichomwa moyo, akamruhusu Allen ajikomboe kwa fedha. Allen akafanya kazi ngumu mpaka akamaliza kulipa, kisha akahubiri katika kanisa la St. George's mjini Philadelphia. Watu weusi walipozidi kuwa wengi pale, waliambiwa wakae mahali pa peke yao. Siku moja, wakiwa wamepiga magoti na sala haijamalizika, wasimamizi walimshika mwenzao Absalom Jones ili wamwinue na kumwondoa. Akawaomba wangoje sala iishe, hawakungoja. Sala ilipokwisha, watu weusi walitoka wote pamoja.

Allen hakuiacha imani ya Kimethodisti kwa sababu ya dhambi ya Wamethodisti. Alinunua karakana ya mhunzi, akaihamishia kwenye kiwanja chake akaifanya nyumba ya ibada, nayo ikaitwa Betheli; Askofu Asbury mwenyewe aliiweka wakfu mwaka 1794. Baada ya ugomvi mrefu juu ya mali na mamlaka, mwaka 1816 likaundwa Kanisa la Kimethodisti la Kiaskofu la Waafrika, na Allen akawa askofu wake wa kwanza. Kanisa hilo lipo hata leo.

Na wale waliofuta kanuni ili wasigawanyike, je, walipona? La. Mwaka 1844, katika mkutano mkuu mjini New York, lilizuka swali la Askofu James Andrew wa Georgia, aliyekuwa amepata watumwa kwa urithi na kwa ndoa. Kwa kura 110 dhidi ya 68 mkutano uliamua asitumie uaskofu wake maadamu hali hiyo inadumu. Mwaka uliofuata watu wa Kusini wakaunda kanisa lao. Miaka 16 baadaye taifa zima likaingia vitani.

Waliungana tena mwaka 1939, lakini hata hapo makusanyiko ya watu weusi yaliwekwa katika jimbo la peke yao, lililotengwa kwa rangi na si kwa mipaka ya nchi. Jimbo hilo liliondolewa mwaka 1968, Kanisa la Muungano la Kimethodisti lilipoanzishwa mjini Dallas. Mafarakano mengine yametokea tangu hapo, lakini hayo twayaacha kwa leo.

Habari hizi ziligusa Afrika pia. Mwaka 1911 Askofu Walter Lambuth, mzungu wa Kanisa la Kusini, alifunga safari ya Kongo pamoja na Profesa John Wesley Gilbert, mtu mweusi ambaye wazazi wake walikuwa watumwa. Walitembea pamoja kwa miguu hata kijiji cha Wembo Nyama, wakakubaliwa na mtawala wa pale. Misheni ilipofunguliwa huko mwaka 1914, Gilbert hakuwamo katika wale waliorudi. Njia aliitengeneza yeye, wengine wakaipita.

Tufundishwe nini? Hatusemi haya ili tuwahukumu ndugu zetu, kwa maana walio wengi kati yao walimpenda Bwana kwa kweli, na jasho la wale wapanda farasi si la kudharauliwa. Twasema kwa sababu jaribu lao ni la kila kanisa na kila nyumba. Kukiri kwamba neema ni ya wote ni rahisi. Kazi ni kuketi benchi moja na yule ambaye jirani zetu humdharau. Nao walidhani kwamba wakinyamaza kidogo watapata watu wengi na amani nyingi. Watu wengi waliwapata, amani hawakuipata. Yaliyofichwa mwaka 1785 yalidaiwa mwaka 1844, pamoja na faida yake.

Nanyi walimu, mkiisoma habari hii darasani, waulizeni wanafunzi: katika kanisa letu, ni nani anayeketishwa nyuma? Na wazazi waulizane nyumbani baada ya sala ya jioni: mtumishi wetu, je, yumo katika sala hiyo, au yumo jikoni? Kila nyumba ijijibu yenyewe mbele za Mungu.

Mungu akipenda tutaonana tena mwezi ujao.